Baina ya Mkono na Mkono: Niliyojifunza Hospitali Yetu Ilipopanuka

Usiku ule damu ilikuwepo. Nalisema hili mwanzo kwa sababu watu wakisikia mama mzazi alikaribia kufa katika hospitali ya huku kwetu Malindi, wazo la kwanza huwa ni kwamba damu ilikosekana. Haikukosekana. Pakiti 2 za kundi lake zilikuwa zimeshapimwa, zimo ndani ya friji ya maabara, mwendo wa dakika tatu kutoka kitanda alicholala. Kilichokosekana ni mtu wa kumwambia kijana wa maabara kwamba wodi ya kina mama imehamia jengo jipya.

Tulikuwa tumehama Jumamosi. Kijana mwenyewe alikuwa likizo kwao, amerudi kazini Jumatatu hiyohiyo. Saa nane usiku akapigiwa simu alete damu wodi ya wazazi, haraka. Akaichukua mbio hadi pale alipopazoea, akakuta vyumba vitupu, madebe ya rangi na ngazi ya fundi. Akapiga simu ya wodi, nayo ikalia palepale aliposimama, maana laini haikuwa imehamishwa. Akairudisha damu kwenye friji isiharibike, akasubiri apigiwe tena. Upande wa pili, nesi aliyekuwa na mama yule alijua damu iko njiani. Hapakuwa na mvivu hata mmoja usiku ule. Dakika 40 zikapita hivyo, na mama anayevuja damu nyingi baada ya kujifungua anaweza kufariki ndani ya saa 2.

Alinusurika, lakini kizazi chake kilitolewa. Alikuwa na miaka 23 na huyo ndiye mtoto wake wa kwanza.

Mimi ndiye niliyekuwa metroni, mkuu wa manesi. Mpango wa kuhama niliuandika kwa mkono wangu, kurasa tisa: vitanda, mapazia, mashine ya kuulia viini, siku ya dua, wageni wa kualikwa. Neno "maabara" halimo. Nimeusoma mara nyingi tangu siku hiyo, na kila nikiusoma natafuta labda lilinipita macho. Halimo.

Nimestaafu sasa, na vijana wanaokabidhiwa hospitali huku pwani hunipigia simu au hunifuata nyumbani. Wananiuliza kuhusu mashine ya CT ya kupiga picha za ndani ya mwili, mkopo wa benki, jinsi ya kumshawishi daktari bingwa aondoke Nairobi aje akae Malindi. Maswali mazuri yote. Lakini mimi huwarudisha mahali pamoja: mtazame mgonjwa pale anapotoka mkono mmoja kwenda mkono mwingine. Hospitali ndogo huua kwa kukosa vitu. Hospitali inayokua huua hapo katikati, vitu vyote vikiwepo.

Nilipoanza tulikuwa na vitanda 12 na daktari mmoja mwenyeji aliyeianzisha. Maabara ilikuwa dirisha linalotazamana na wodi. Ukitaka damu unaita kwa jina. Mgonjwa akitoka Marafa akiwa na bibi yake, sote tunajua ni mgonjwa gani, ana shida gani, bibi yake anazungumza Kigiriama tu, na nani kati yetu atamfasiria. Hakuna aliyeliita hilo mfumo, lakini ndilo lililokuwa mfumo wetu. Tulipofika vitanda 60, kisha 100 na ushei, tulijenga kila kitu isipokuwa kitu cha kuziba nafasi ya lile dirisha.

Waliolijua hili mapema ni watu wa Mayo Clinic, kule Rochester, Minnesota, Marekani. Mji wao ulipigwa na kimbunga mwaka 1883, na masista wa Mtakatifu Francis wakaamua kujenga hospitali, wakiwategemea Dakta Mayo na wanawe wawili kuwa madaktari wake. Ilifunguliwa mwaka 1889 na vitanda 27. Leo ni miongoni mwa vituo vikubwa vya tiba duniani, na mtu atakwambia siri ni fedha. Mimi nimevutiwa na jambo dogo la mwaka 1907. Kabla ya hapo kila daktari pale aliandika habari za wagonjwa katika daftari lake mwenyewe. Mgonjwa akionwa na madaktari watatu, habari zake zimo katika vitabu vitatu. Daktari aliyeitwa Henry Plummer, akisaidiwa na Mabel Root, akaanzisha utaratibu wa kila mgonjwa kuwa na namba moja na faili moja, na faili hilo limfuate popote aendapo. Hata walipojenga jengo jipya mwaka 1914, njia za kupitishia mafaili zilifikiriwa pamoja na kuta. Baada ya hapo wangeweza kuongeza madaktari bingwa kadiri walivyotaka, kwa sababu kila anayempokea mgonjwa anapokea na maneno ya aliyemtangulia.

Sisi, miaka mia moja baadaye, mgonjwa wetu alikuwa na faili la kliniki, faili la wodi na kadi ya meno. Mzee mmoja mwenye sukari aliandikiwa dawa ileile mara mbili kwa majina mawili tofauti ya kibiashara, kwenye vyumba viwili, wiki moja. Aliletwa na tuktuk akiwa amezimia.

Na faili moja kwa huku kwetu si kazi rahisi. Ingia masijala ya hospitali yoyote ya Malindi uulize Kahindi Karisa, au Kadzo Charo, au Mohamed Ali. Utaletewa rundo. Majina ya Kigiriama hurudi kwa babu, ya Waswahili hurudi kwa mababu vilevile, na kuna wazee wasiojua tarehe yao ya kuzaliwa kabisa. Tulihangaika sana. Kilichotusaidia ni kuandika vitu vitatu juu ya jalada pamoja na namba: jina la mama mzazi, kijiji hasa (si "Magarini", bali Gongoni, Marereni, Mambrui), na simu ya mtu anayeishi naye. Kisha karani husoma kwa sauti na mgonjwa aitikie. Usimuulize "Wewe ni Karisa?" maana mgonjwa mwenye homa huitikia lolote. Muulize "Unaitwa nani?" aseme mwenyewe.

Tulipofika kwenye kompyuta tulikosea tena. Tulinunua programu kabla ya kuyapanga makaratasi, tukidhani itatupangia. Wagonjwa wenye mafaili matatu wakawa na namba tatu za kompyuta. Ikachukua karibu mwaka kuwaunganisha. Ukiwa bado hujanunua, anza na karatasi, zikikaa sawa ndipo uhamie kwenye skrini.

Nirudi kwa kijana wa maabara. Asubuhi yake bodi ilikutana, na mjumbe mmoja alitaka aachishwe kazi kabla ya adhuhuri ili familia ione hatua imechukuliwa. Nikasimama nikawasomea ule mpango wangu wa kuhama, kurasa zote tisa, nikawaambia wanionyeshe mahali kijana huyu alipopaswa kujua. Kimya. Sikuwa shujaa, mikono ilikuwa ikinitetemeka. Lakini kama angefukuzwa, kila mfanyakazi pale angejifunza jambo moja tu, kwamba ukikosea funga mdomo. Na hospitali ambayo watu wake wamefunga mdomo, kiongozi wake amelala usingizi, hajui ataamshwa na nini.

Nilimwendea pia yule mama. Alikuwa bado wodini, mumewe na mamake wamekaa pembeni. Akaniuliza swali moja: "Sista, hiyo damu ilikuwa wapi?" Nikamwambia ilikokuwa, na kwa nini haikufika, na nani aliandika mpango. Wakili wetu alikuwa ameshatushauri tusiseme neno. Mamake alilia. Mume akatoka nje akakaa chini ya mwarobaini hadi jioni. Sitasema walinisamehe, sikuwaomba wanijibu. Ila kumficha mtu habari za mwili wake ni kumkata mara ya pili, na kiongozi ambaye hawezi kuketi kwenye kiti hicho asichukue kazi hii.

Kijana aliyebaki kazini ndiye aliyetuletea dawa ya ugonjwa wetu. Wiki kadhaa baadaye alikuja ofisini na mfuko wa dripu uliotiwa maji na rangi nyekundu. Akasema, "Mama, siku tukifungua chumba kingine, huu mfuko utembee kwanza." Maana yake: kabla mgonjwa wa kweli hajaingia mahali papya, mtu apige simu ya kweli, usiku, kwa watu walio zamu kweli, aombe damu. Tuone inafika wapi na kwa dakika ngapi. Halafu tumlaze mfanyakazi kwenye machela, tumtoe wodi hadi chumba cha upasuaji, tumrudishe. Mara ya kwanza tulipofanya hivyo, kwa ajili ya wodi ya watoto, machela haikukata kona. Jengo limekwisha, limepakwa rangi, limekaguliwa, na machela haipiti. Tulivunja ukuta, upana wa hatua moja, kabla ya kufungua, na fundi hakufurahi, lakini ni afadhali ukuta. Mara ya pili tuligundua askari wa lango la usiku hana ufunguo wa mlango wa ambulensi. Kila jengo lilitoa kitu. Sijapata kuona mfuko ule ukatembea ukarudi bure.

Pale wagonjwa wanapokabidhiwa kila siku, yaani kwenye zamu, ndipo nilipotumia nguvu zangu nyingi zaidi miaka ya mwisho. Zamu zetu zilipokezana saa moja asubuhi na saa moja jioni. Ripoti ilitolewa mezani, manesi wamesimama, mkoba begani, kwa sababu tuktuk za kwenda Ganda na Muyeye zikijaa ni kusubiri gizani. Kitanda cha nne: "yuko sawa". Cha tano: "yuko sawa". Tukaihamisha ripoti kutoka mezani hadi kitandani. Anayetoka anasema, anayeingia anarudia alichosikia kwa maneno yake, na mgonjwa anasikia. "Mama Amina, huyu ndiye utakayekuwa naye usiku." Hapo mgonjwa mwenyewe husahihisha: dripu ilitolewa mchana, mkojo haujatoka tangu asubuhi. Jamaa aliye pembeni naye ana lake. Manesi walilalamika kwamba inachukua muda, na ni kweli inachukua. Kwa hiyo tukalipia usafiri wa zamu ya jioni. Ukitaka mtu asiharakishe makabidhiano, ondoa kinachomharakisha.

Ramadhani ilitufunza peke yake. Magharibi ya Malindi huingia karibu saa kumi na mbili na nusu, na huo ndio wakati watu wa usiku wanakuja na watu wa mchana wanataka kufuturu. Kwa miaka, mwezi mzima, ripoti ilitolewa na watu wenye njaa kwa watu wenye kikombe cha uji mkononi. Tukaisogeza hadi saa moja na nusu, futari ikaletwa hospitalini kwa zamu zote mbili, waliofunga na wasiofunga wakala pamoja. Gharama yake haikuwa kitu. Kila mwaka huwa nawauliza wasimamizi wapya wamepanga vipi Ramadhani, na wengi hawajalifikiria.

Kwenye upasuaji, Shirika la Afya Duniani lilitoa mwaka 2008 orodha ya mambo 19 ya kuhakikisha: kabla ya kulazwa usingizi, kabla ya kisu kugusa ngozi, na kabla mgonjwa hajatoka. Ilijaribiwa katika hospitali 8 za nchi 8, na moja yao ni ya jirani zetu, Ifakara, Tanzania. Vifo vya baada ya upasuaji katika hospitali hizo, zikihesabiwa pamoja, vilishuka kutoka asilimia 1.5 hadi 0.8. Sehemu ambayo madaktari huicheka ni ile ya kila mmoja kutaja jina lake na kazi yake. Msiiache. Mtu aliyekwisha kusikika sauti yake chumbani, hata akiwa mwanafunzi, ni rahisi kusema "Daktari, ngoja, hesabu ya vitambaa haijatimia."

Sasa nizungumzie msaada, maana Malindi tuna bahati yake na mtihani wake. Waitaliano wengi wameufanya mji huu nyumbani, na mioyo yao imetufaa sana. Lakini mashine ikitolewa Italia ikashushwa kwetu, ni makabidhiano pia, kutoka mkono wa mfadhili hadi mkono wa fundi. Tuliwahi kupokea mashine nzuri ya ultrasaundi yenye kitabu cha Kiitaliano kitupu. Kitabu hakikuwa tatizo, tulimwita kijana wa hoteli akatufasiria jioni mbili, Malindi hukosi mtu wa Kiitaliano. Tatizo lilikuwa kipuri kimoja ambacho hakitengenezwi tena popote duniani. Ikakaa chini ya shuka miaka mitatu, ikichukua chumba ambacho kingekaa wagonjwa wawili. Baada ya hapo nilijifunza kumshukuru mfadhili na kumuuliza palepale: nani ataitengeneza, kipuri kinatoka wapi, na je, atatulipia mafunzo ya fundi wetu? Mfadhili wa kweli hakasiriki. Wawili walibadilisha zawadi yao, mmoja akatuwekea matangi ya maji badala ya mashine, na sijaona mashine iliyotufaa kama matangi yale. Maji yetu hutoka Baricho, kwenye mto Sabaki, na mto ukifurika mabomba hukatika. Visima vya hapa vina chumvi. Upasuaji hausubiri bomba lishonwe. Na hewa ya bahari hula chuma: jenereta, viyoyozi, vitanda. Bajeti ya matengenezo ya hospitali ya pwani usiinakili kutoka hospitali ya Nakuru.

Jambo gumu zaidi nimelichelewesha kwa sababu linanihuzunisha. Yule daktari aliyeianzisha hospitali alikuwa mtu mwema kupita wengi niliowajua, na alishindwa kukabidhi. Kila ombi lilipita kwake, hadi pamba. Katika vitanda 12 huo ulikuwa uangalifu. Katika vitanda 100 alikuwa nahodha anayeshika usukani, akivuta tanga, na kukumba maji ngamani kwa kopo. Alipolazwa Mombasa wiki moja, upasuaji wa kupangwa ulisimama siku mbili kwa sababu ombi la glavu lilisubiri sahihi yake. Tulimwendea watu watatu, tukamkalia kitako, tukamwambia: Daktari, usipotugawia kazi hii, itakufa siku utakayokufa. Alinyamaza kwa muda mrefu. Kisha akaanza na kidogo: kila mkuu wa idara akapewa kiasi cha fedha anachoweza kutumia bila kuuliza, na siku moja kwa mwezi ya kueleza alivyokitumia. Wengine walikosea. Aliwaacha wakosee makosa madogo, na hilo lilimgharimu usingizi kuliko fedha.

Hapo pia tulijifunza kutomchukua nesi hodari kuliko wote tukamfanya mkubwa wa wodi ghafla. Tulimpoteza nesi na hatukupata msimamizi. Mpe miezi mitatu nyuma ya anayeondoka, wakae wote wawili, ratiba waipange pamoja, jamaa wa marehemu wawaone pamoja.

Kuhusu fedha nitasema moja tu. Bima ya afya ya taifa, NHIF, ilipoondoka na SHA ikaingia mahali pake Oktoba 2024, hospitali zilizoyumba kidogo ni zile ambazo tayari karani wa bima alikuwa akitembea wodini kila asubuhi badala ya kungoja mafaili ofisini. Madai yetu mengi yaliyokuwa yakirudi miaka ya nyuma yalirudi kwa makosa yetu: sahihi ya daktari haipo, tarehe ya kutoka imesahauliwa. Ni makabidhiano yaleyale, safari hii kati ya wodi na ofisi.

Na mkono wa mwisho uko nje ya lango. Mgonjwa akipelekwa Kilifi au Mombasa, hospitali ya kule ipigiwe simu kabla injini haijawashwa, na jina la aliyepokea simu liandikwe kwenye barua ya rufaa. Mama anayerudi Marafa na kichanga apigiwe siku ya tatu, na mhudumu wa afya wa kijiji chake ajue amerudi. Tulipoanza simu hizo nilidhani tutakuwa tukiwajulia hali tu. Wiki ya kwanza tuliwarudisha kina mama wawili wenye homa waliokuwa wakisema moyoni itapungua kesho.

Msimamizi mmoja kijana anafungua wodi mpya ya wazazi mwezi ujao, kaskazini ya Sabaki. Amenitumia kadi ya mwaliko, nzuri, ina picha ya jengo. Nimempigia nikamwambia kukata utepe nitawaachia wengine, mimi nitakuja siku tatu kabla, saa nane za usiku, na asimwambie mtu. Mfuko wa dripu na rangi nitabeba mwenyewe.